Katoni la Katuni za Mexico: Jibu kwa Msomaji wa Houston

Swali lenyewe, kwa ufupi: "Mimi ni mzaliwa wa Tanga, naishi Houston, Texas. Kwenye soko la mitumba la Jumapili nilinunua katoni la majarida ya zamani ya katuni kutoka Mexico, kama sitini hivi, kwa dola 20. Kihispania changu ni cha kazini tu. Mengi ni Kalimán, kuna Lágrimas, Risas y Amor, kuna La Familia Burrón, kuna moja la mwanamieleka mwenye kinyago, vijitabu vya makauboi, na kumi hivi ya Memín Pinguín ambayo kusema kweli yamenichukiza: mtoto mweusi kachorwa kama nyani. Je, nimepata mali au takataka? Nikitaka kuendelea kukusanya nianzie wapi? Memín nimtupe? Na siku nikirudi Tanga, yatafika salama?"

Dada, usitupe kitu bado, hata Memín. Nitamfikia, maana ndiye mgumu kuliko wote waliomo katoni mwako.

Tuanze na pesa. Kwa hayo uliyonitajia, hujaokota dhahabu. Kalimán za miaka ya 1980, Memín za kuchapwa upya na vijitabu vya makauboi vimejaa kwa wauzaji, Mexico na huko huko Texas. Dola 20 kwa majarida sitini ni bei nzuri, ila ni bei ya msomaji, mwekezaji asingejisumbua. Vitu viwili tu vinaweza kubadilisha hesabu: huyo mwanamieleka, na Burrón yoyote ya kabla ya 1978. Hivyo viweke kando leo leo.

Ili uelewe kwa nini nasema hivyo, lazima ujue majarida haya yaliishi vipi. Miaka ya 1930 Mexico ilipata mfululizo wa majarida ya katuni ya bei ya chini: Paquín mwaka 1934, Paquito 1935, kisha Chamaco na Pepín mwaka 1936. Pepín, ya mchapishaji José García Valseca, ilifikia kutoka kila siku ya Mungu, na ikazoeleka hivi kwamba katuni zote zikaitwa "pepines". Karatasi haikuwa tatizo, kwa kuwa tangu 1935 serikali ilikuwa na kampuni yake, PIPSA, iliyowauzia wachapishaji karatasi kwa bei nafuu (na kuwakumbusha, bila kupaza sauti, mwenye karatasi ni nani). Mwaka 1944 ikaja kampeni ya kufuta ujinga chini ya waziri wa elimu Jaime Torres Bodet: kila anayejua kusoma amfundishe asiyejua. Kitu cha kusomea kilichokuwa karibu na mkono wa mtu wa kawaida kilikuwa katuni. Mwaka huo huo serikali hiyo hiyo ikaunda tume ya kukagua majarida ya picha, baada ya wazazi na watu wa dini kulalamika kwamba katuni zinaharibu watoto. Mkono mmoja unafundisha kusoma, wa pili unachungulia kinachosomwa. Hiyo ni miaka 10 kabla wachapishaji wa Marekani hawajajiwekea kanuni zao za maadili mwaka 1954.

Nakala moja haikusomwa na mtu mmoja. Kwenye vibanda vya magazeti katuni zilikodishwa: unalipa senti kidogo, unakaa kwenye benchi, unasoma, unarudisha. Zile zilizonunuliwa zilipita kwa ndugu, kwa jirani, kwa kinyozi, mpaka zikafungiwa bidhaa sokoni. Ndiyo maana jarida lililochapwa kwa mamia ya maelfu linaweza leo kuwa gumu kulipata kuliko kitabu cha washairi kilichochapwa nakala mia tano. Limekuwa adimu kwa sababu lilisomwa likaisha. Na wachapishaji, wakijua kwamba kila baada ya miaka kadhaa kuna watoto wapya na mama wapya, walichapa hadithi zile zile tena na tena. Kwa hiyo kitu cha kwanza kujifunza katika kazi hii ni kutofautisha chapa ya mwanzo na ya marudio. Asiyejua hilo anauziwa mbuzi kwenye gunia kila wiki.

Chukua Kalimán moja, ifungue ndani ya jalada au chini ya ukurasa wa kwanza, utafute yale maandishi madogo ambayo hakuna anayeyasoma. Mara nyingi utakuta "registrado como artículo de segunda clase", yaani limeandikishwa kama bidhaa ya daraja la pili, na tarehe mbele yake. Hiyo si tarehe ya jarida. Ni siku jarida lilipoandikishwa posta ili lisafirishwe kwa nauli ya chini, na lilirudia tarehe hiyo namba baada ya namba kwa miaka. Wauzaji wa mtandaoni, wengine kwa kutojua na wengine kwa kujua sana, huitangaza kama mwaka wa kuchapwa. Wewe tazama anwani ya mchapishaji. Ikiwa ni "México 1, D.F." au namba nyingine fupi ya kanda, huo ni mtindo wa zamani, kwani namba za posta za tarakimu tano zilianza mwaka 1981. SEPOMEX ikitajwa, uko 1986 au baadaye, maana shirika hilo la posta liliundwa mwaka huo. Kisha geukia bei. Peso iliporomoka mwaka 1976, ikaporomoka tena 1982. Jarida la peso moja au mbili ni la kabla ya masaibu hayo, na la mamia ya peso ni la miaka ya 1980 ilipokwisha kuchanganya. Ukikuta N$ mbele ya bei, umebahatika kupata tarehe karibu kamili: Januari 1993 Mexico ilikata sifuri tatu na kuiita sarafu yake peso mpya, na jina hilo likaondoka mwanzoni mwa 1996. Kwa anwani na bei peke yake utayapanga majarida yote sitini kwa miongo kabla chai haijapoa.

Sasa tupite katoni mwako.

Kalimán ndiye atakayekuwa rahisi kwako kwa Kihispania, kwa sababu alizaliwa redioni. Mchezo wake ulianza kurushwa Septemba 1963, ukibuniwa na Rafael Cutberto Navarro na Modesto Vázquez González, na jarida likafuata mwaka 1965. Mtu aliyezoea kumweleza msikilizaji asiyeona kitu hakuacha tabia hiyo alipopata picha: kila kitu kinasemwa kwa sentensi kamili, safi, zisizo na lugha ya vijiweni. Shujaa ni bwana wa kilemba cheupe chenye kito cha herufi K, anayetumia akili zaidi ya ngumi, akifuatana na Solín, kijana wa Misri wa ukoo wa mafarao. Kauli yake, "utulivu na subira, subira nyingi", bado inatamkwa na watu wazima wa Mexico na Colombia wakiwa kwenye foleni ya benki. Jarida lilitoka kila wiki hadi 1991, likaishia namba 1351. Michoro ya ndani, iliyochapwa kwa wino wa hudhurungi, kwa macho yangu si ya kusifiwa sana. Nguvu ni mwendo wa hadithi, na kila namba inakukatia pale pale ulipoanza kushika pumzi. Kwa hiyo usikusanye Kalimán kwa kuokota jalada zuri huku na jingine kule. Kila kisa kimegawanywa katika namba nyingi, na namba moja iliyo peke yake ni kipande cha mazungumzo uliyoyasikia ukipita dirishani. Chagua kisa kimoja, kikamilishe, ndipo uende kwa kingine. Na kagua mchapishaji: Colombia nayo ilikuwa na toleo lake, na namba zake zisichanganywe na za Mexico.

Lágrimas, Risas y Amor, yaani machozi, vicheko na mapenzi, ilianza mwaka 1962. Mwenye kalamu alikuwa Yolanda Vargas Dulché, mwanamke aliyezaliwa mwaka 1926, aliyeanza kuandikia katuni akiwa kijana akitafuta riziki, na baadaye yeye na mumewe Guillermo de la Parra wakawa wachapishaji wakubwa. Kama umewahi kukaa sebuleni Tanga au Mombasa ukaona nyumba nzima imenyamazia tamthilia ya Mexico iliyotiwa sauti ya lugha nyingine, basi umeshakutana na mazao ya shamba hili. Rubí, msichana fukara mzuri wa sura anayemwibia rafiki yake mchumba, ilikuwa katuni katika jarida hilo kabla ya kuwa tamthilia mwaka 1968, filamu mwaka 1970, na tamthilia tena mwaka 2004 na 2020. Yesenia, hadithi nyingine ya Yolanda, ilitengenezwa filamu mwaka 1971, na ilipooneshwa Umoja wa Kisovyeti ikauza tiketi zaidi ya milioni 91. Hakuna filamu ya kigeni iliyowahi kuangaliwa na watu wengi kiasi hicho kule. Ukitaka kujua mbinu zake, chukua jarida moja na utazame mkono wa mchoraji Antonio Gutiérrez kwenye nyuso: mwanamke anageuza shingo, jicho moja linabaki kwa mtu anayemwacha, na kisanduku kinachofuata ni mlango tu. Watengenezaji wa tamthilia walikuta kazi ya kamera imeshafanywa. Bei za majarida haya bado ziko chini kwa sababu wakusanyaji wengi ni wanaume wanaotafuta mashujaa wa ngumi. Kama ningekuwa Houston na pesa kidogo, hapa ndipo ningeiweka.

La Familia Burrón ndiyo niipendayo, kwa hiyo nivumilie. Gabriel Vargas alizaliwa Tulancingo, jimbo la Hidalgo, mwaka 1915, akaianzisha familia hii katika Pepín mwaka 1948, na akaendelea nayo, akisaidiwa na timu yake, hadi 2009. Alifariki Mei 2010. Familia inaishi Mexico City katika uchochoro wa Callejón del Cuajo, kwenye nyumba ya kupanga yenye vyumba vimezunguka ua mmoja, foleni moja ya maji na masikio mengi. Mtu wa uswahilini hahitaji kuelezwa zaidi. Baba, don Regino, ni kinyozi mwaminifu mno kiasi cha kutopata kitu. Mama, Borola Tacuche, ni mrefu, mwembamba kama fito, mwekundu wa nywele, na kila asubuhi ana mradi mpya wa kuwatoa kwenye umaskini, na kila jioni mradi umemwagikia majirani. Shangazi Cristeta ni tajiri wa kupindukia anayeishi Paris na mamba wake wa kufugwa. Yuko Avelino Pilongano, mshairi asiyeondoka kitandani, anayelishwa na mama yake mzee, Gamucita, kwa kufua nguo za watu. Na yuko kaka yake Borola, Ruperto, mwizi anayejaribu kuacha wizi, ambaye uso wake haujawahi kuonekana: daima umefunikwa. Vargas hakumhukumu. Alimwacha tu apike mikate, apende, afukuzwe na polisi waliokataa kuamini kwamba amebadilika.

Shida ni kwamba Kihispania chako cha kazini kitakukimbia hapa. Vargas aliandika lugha ya mitaani ya jiji lile, maneno mengine aliyatunga mwenyewe, na watu wakayachukua. Usiikimbie kwa sababu hiyo. Tafuta mwenzako wa kazini mwenye asili ya Mexico City, aliyezidi miaka hamsini, umwekee ukurasa mmoja mezani wakati wa mapumziko. Hutahitaji kuuliza mara mbili. Majarida madogo ya kuanzia 1978 ya G y G Editores yanapatikana bila taabu. Ya zamani zaidi ni adimu, na haya ndiyo niliyokuambia utenge. Ukitaka kuisoma tu, kampuni ya Porrúa imezikusanya katika vitabu, navyo ni nafuu kuliko kuwinda namba moja moja.

Huyo mwanamieleka wako bila shaka ni El Santo, Rodolfo Guzmán Huerta, naye mzaliwa wa Tulancingo, mji ule ule wa Vargas. Jarida lake lilianza mwaka 1952 chini ya José G. Cruz, fundi wa kukata picha za kamera, kuzibandika juu ya michoro na kuzipaka upya hadi mshono usionekane. Wazee wa Afrika Mashariki waliosoma visa vya Lance Spearman kwa picha za kamera miaka ya 1960 na 1970 watautambua ukoo huo, ila Cruz alikwenda mbali zaidi: kwenye picha moja mwili ni wa kweli, jinni ni la kuchora, na moshi ni wa brashi. Lisogeze jarida karibu na dirisha, utazame kingo za mabega; utaona mahali wembe ulipopita. Sasa angalia kinyago. Kama kwenye paji la uso kuna herufi S, ujue ni la miaka ya baadaye, Cruz alipokosana na Santo na kumweka mtunisha misuli mwingine ndani ya kinyago, jambo lililowafikisha mahakamani. Wanaotafuta Santo huwataka wale wa mwanzo, wa miaka ya 1950. Usimuuzie mtu wa kwanza anayetoa bei.

Vijitabu vya makauboi ni El Libro Vaquero, iliyoanza mwaka 1978 na iliyokuwa ikiuza zaidi ya nakala milioni moja kwa wiki enzi zake. Kinaingia mfuko wa nyuma wa suruali, kinasomwa safari ya basi moja, kinaachwa kitini. Thamani ya kukusanya ni ndogo. Walio na bahati ni wale waliookota michoro halisi ya majalada, iliyopakwa kwa mkono, ambayo siku hizi hutundikwa kwenye maonyesho. Lakini pekua katoni vizuri. Mwanzoni mwa 2005 wizara ya mambo ya nje ya Mexico ilichapa nakala milioni moja na nusu za mwongozo wa mhamiaji, umechorwa kwa mtindo huo huo: jinsi ya kuvuka mto bila kuzama na nguo nzito, jangwani unywe maji yaliyotiwa chumvi, ukikamatwa una haki gani. Uligawiwa bure pamoja na El Libro Vaquero, na wanasiasa wa Marekani wakawaka moto. Katoni lililopatikana Texas linaweza kuwa nao. Kwangu mimi hicho kingekuwa kipande kizito kuliko Kalimán zote.

Haya, Memín.

Ulichokiona ndicho kilichopo, na sitakuambia macho yako yamekosea. Fanya jaribio hili: chukua ukurasa ambao Memín yuko na rafiki zake watatu, Carlangas, Ernestillo na Ricardo, uweke kidole juu ya kisanduku kimoja. Hao watatu wamechorwa kama watoto, kila mmoja na pua yake, nywele zake, aibu yake. Memín peke yake amechorwa kama kikaragosi: kipara, midomo, macho ya mviringo, masikio. Mama yake Eufrosina, mfuaji, amevikwa sura ya yaya mweusi wa matangazo ya Marekani. Mchoro huo haukuzaliwa Mexico. Ulitoka kwenye dharau iliyokuwa imezagaa katika magazeti na majukwaa ya Marekani, na ukakopwa bila kuulizwa. Yolanda Vargas Dulché ndiye aliyembuni, miaka ya 1940, akisema aliwaza watoto weusi aliowaona Cuba. Mchoraji aliyemfanya ajulikane zaidi ni Sixto Valencia.

Hata hivyo soma hadithi. Memín anauza magazeti na kung'arisha viatu, anampenda mama yake kupita kiasi, anafeli mitihani, na ndiye moyo wa kundi. Kuna kisa ambacho watoto hao wanasafiri hadi Texas, huko kwako, na kwenye duka la vinywaji wanakataa kumhudumia Memín kwa rangi yake. Rafiki zake hawaondoki kimya, wanapigana. Mamilioni ya Wamexico walijifunza kwa kisa hicho kwamba ubaguzi ni uovu, na wakaweza kusoma maisha yao yote bila kuona kilichokuwa kwenye mchoro wenyewe.

Ndiyo maana mwaka 2005 pande mbili zilizungumza bila kusikilizana. Mwezi Mei rais Vicente Fox alisema Wamexico walioko Marekani wanafanya kazi ambazo hata weusi hawazitaki. Mwishoni mwa Juni posta ya Mexico ikatoa stempu za Memín. Jesse Jackson, mtetezi wa haki za weusi wa Marekani, akalaani, Ikulu ya Marekani ikalaani, na Wamexico wakapanga foleni kununua stempu mpaka zikaisha, wakisema wageni hawawezi kuwaelewa. Mwaka 2008 zamu ikafika Houston: mteja mmoja alilalamika baada ya kukuta majarida ya Memín dukani, na Walmart, kampuni ya maduka makubwa, ikayaondoa kwenye rafu zake. Huenda ndiyo maana yako yaliishia sokoni Jumapili.

Jibu la wengi Mexico lilikuwa "sisi hatuna ubaguzi, kwanza hapa hakuna weusi." Hapo ndipo mimi huwakatalia. Pwani ya Costa Chica, katika majimbo ya Guerrero na Oaxaca, na kule Veracruz, kuna vizazi vya Waafrika walioletwa utumwani. Rais aliyepiga marufuku utumwa mwaka 1829, Vicente Guerrero, alikuwa na damu hiyo. Katiba iliwatambua kwa jina mwaka 2019 tu, na sensa ya 2020, ya kwanza kuwauliza waziwazi, ikahesabu watu 2,576,213. Watu hao walikuwa na watoto waliokwenda shule miaka ya 1960 na 1970 na kuitwa Memín uwanjani. Upendo uliomo katika hadithi ni wa kweli, na tusi lililomo katika mchoro ni la kweli, na kimoja hakifuti kingine.

Kwa hiyo ushauri wangu: yabaki, lakini yasikae juu mezani kama pambo, wala usimpe mtoto asome peke yake. Yatie kwenye bahasha yake pamoja na karatasi yenye maelezo ya 2005 na 2008. Ikiwa huwezi kulala nayo nyumba moja, nami nitakuelewa, wasiliana na maktaba ya Benson ya Chuo Kikuu cha Texas pale Austin, inayohifadhi machapisho ya Amerika ya Kilatini. Thamani yake ya fedha ni ndogo kwa vyovyote, maana zako za rangi ni za kuchapwa upya. Zile za mwanzo ni za wino wa hudhurungi.

Kuhusu kuendelea kukusanya: usikusanye "katuni za Mexico". Hazina mwisho, zitakula chumba kisha ndoa. Chagua uzi mmoja. Anayependa siasa amfuate Rius, yaani Eduardo del Río, aliyeanzisha Los Supermachos miaka ya 1960, akaiacha kwa ugomvi na mchapishaji, akaanzisha Los Agachados mwaka 1968, na mwaka 1969 akatekwa na wanajeshi wakamfanyia kama wanaotaka kumuua. Vitabu vyake vya kufafanua Cuba na Marx kwa michoro vilizaa aina nzima ya vitabu vya "kwa wanaoanza" duniani. Anayependa mashujaa wa Marekani atafute matoleo ya mchapishaji Novaro, au yale ya Spider-Man ya mchapishaji La Prensa ya miaka ya 1970, ambamo wachoraji wa Mexico walitunga visa vyao wenyewe na Gwen Stacy, mpenzi wa shujaa huyo, akaendelea kuishi baada ya wenzao wa New York kumuua. Haya ya mwisho yanawindwa kwelikweli na bei zake zimepanda.

Kabla ya kununua, soma. Juan Manuel Aurrecoechea na Armando Bartra waliandika Puros cuentos, historia ya katuni za Mexico katika juzuu tatu, na hakuna mkusanyaji mwenye akili asiyeijua. Maktaba ya magazeti ya taifa, Hemeroteca Nacional, iliyo chini ya chuo kikuu cha UNAM, ina orodha ya katuni zake mtandaoni; itakuonyesha jalada la kweli lilivyokuwa. Ukifika Mexico City, Jumapili nenda soko la La Lagunilla, siku nyingine maduka ya vitabu kuukuu ya mtaa wa Donceles, na usikose Museo del Estanquillo, jumba lililojaa vitu alivyokusanya mwandishi Carlos Monsiváis, zikiwemo katuni. Mtandaoni andika "historietas" na pia "cuentos", maana wauzaji wengi wa umri mkubwa hutumia hilo la pili. Bei usiitazame iliyoombwa. Chuja zilizokwisha kuuzwa. Mtu anaweza kuomba dola mia tano kwa miaka mitano bila kuuza. Na ukitamani kutafsiri Kalimán kwa Kiswahili uiweke mtandaoni, jizuie: sheria ya Mexico inalinda haki za mwandishi kwa miaka 100 baada ya kifo chake.

Mwisho, Tanga. Karatasi hii ni ya magazeti, ina asidi ndani yake, na itakuwa njano na kukatika popote itakapokuwa. Kazi yako ni kuichelewesha. Nunua mifuko ya polipropilini au poliesta na ubao wa karatasi usio na asidi, uepuke plastiki laini yenye harufu. Pini zilizopata kutu zitoe taratibu kwa ncha ya kisu butu, uyaache majarida bila pini, na usitumie utepe wa gundi kamwe. Houston nako kuna joto na unyevu, kwa hiyo yasikae gereji. Kwa pwani yetu adui ni hewa: unyevu ukipita asilimia 65 ukungu unaamka, na Tanga hupita hapo siku nyingi za mwaka. Sanduku la plastiki lenye mpira wa kuziba, vifuko vya kukausha unyevu vinavyobadilishwa, kipimo kidogo cha unyevu ndani, sanduku lisimame juu ya mbao mbali na ukuta wa nje kwa kuhofia mchwa. Kabla hujafunga mzigo, kila fungu litie kwenye mfuko uliozibwa bila hewa nyingi, uliweke kwenye friza wiki mbili, kisha uliache mpaka lirudi joto la chumba kabla ya kufungua, ili mayai ya mende na wadudu wa vitabu yasisafiri nawe. Beba yale ya kutengwa, Santo na Burrón za zamani, kwenye begi la mkononi. Yaliyobaki yanaweza kwenda kwa meli.